Mgeni Njoo, Mwenyeji Ahame?

Wahenga walinena: mgeni njoo, mwenyeji apone. Methali hii hurudiwa sana katika hotuba za utalii, lakini aghalabu hatulitambui sharti lililomo ndani yake, nalo ni kwamba mwenyeji awepo. Mgeni akifika akakuta nyumba imepakwa rangi, ua umefagiwa na mwenye nyumba ameondolewa, hapo hakuna aliyepona. Ameburudika mgeni peke yake.

Nataka kuijadili methali hiyo kwa kurejelea mahekalu ya kale ya Wakhmer huko Kambodia, kusini mashariki mwa bara la Asia. Niliyazuru kwa siku nne pamoja na wenzangu watatu. Hatukujiunga na kundi kubwa la watalii. Tulikodi gari, dereva na mwongoza watalii wetu wenyewe, tukafuata ratiba iliyochanganya mahekalu na vijiji. Wakala aliyetuandalia safari alikuwa ameviandika vijiji mwishoni kabisa mwa orodha, kana kwamba ni nyongeza kwa mtu aliyebakiwa na saa mbili za kupoteza. Hoja yangu ni kwamba vijiji hivyo si kachumbari iliyowekwa kando ya sahani. Ndivyo chakula chenyewe, na anayeviondoa kwa kisingizio cha kuyahifadhi mahekalu anahifadhi ganda na kutupa kiini.

Kwa faida ya msomaji ambaye hajapata kusoma habari za eneo hilo, nitangulize maelezo machache. Angkor ulikuwa mji mkuu wa dola ya Wakhmer tangu karne ya 9 hadi ya 15. Hekalu lililo mashuhuri zaidi, Angkor Wat, lilijengwa na mfalme Suryavarman wa Pili katika nusu ya kwanza ya karne ya 12 kwa heshima ya Vishnu, mungu wa Wahindu, nalo limezungukwa na handaki la maji lenye upana wa mita 190 hivi. Baadaye liligeuka mahali pa ibada ya Wabudha, na ndivyo lilivyo hadi leo. Mfalme Jayavarman wa Saba, aliyetawazwa mwaka 1181, alijenga mji wa Angkor Thom, na katikati yake hekalu la Bayon ambalo minara yake imechongwa nyuso kubwa zenye tabasamu. Mwaka 1992 UNESCO iliitia Angkor katika orodha ya urithi wa dunia.

Vitabu vingi vya wasafiri vimedai kwamba mji huo ulipotea msituni hadi ulipogunduliwa na Mfaransa Henri Mouhot mwaka 1860. Dai hilo ni porojo. Mwaka 1632, zaidi ya karne mbili kabla ya Mouhot, mtu mmoja kutoka Japani aliyekwenda kuzuru hekalu aliandika habari za ziara yake juu ya nguzo ya Angkor Wat. Katika karne za 16 hadi 18 Wakhmer wenyewe walichonga humo humo, kwa lugha yao, kumbukumbu za sadaka na nadhiri zao. Je, yawezekanaje kuigundua nyumba ambayo wenyewe wamo ndani wakiabudu?

Mimi ni mwanaisimu, na ushahidi unaonivutia zaidi ni ule wa majina. Hekalu ambalo mizizi ya miti imezikumbatia kuta zake, na ambalo kila mtalii hulipiga picha, huitwa Ta Prohm. Neno ‘ta’ katika Kikhmer ni babu. Kwa hiyo watu wa pale huliita hekalu hilo Babu Brahma. Hilo silo jina alilolipa mfalme. Mfalme aliliita Rajavihara, yaani makao ya kifalme ya watawa. Kadhalika Banteay Srei, hekalu dogo la mawe ya waridi lililozinduliwa mwaka 967, maana yake ni ngome ya wanawake, ilhali katika maandishi ya wakati wake lilijulikana kwa jina refu la Kisanskriti, Tribhuvanamaheshvara, bwana mkuu wa dunia tatu. Majina ya ikulu yalikufa pamoja na ikulu. Majina ya wanakijiji ndiyo yaliyodumu, yakaingia katika ramani za Wafaransa, na leo ndiyo yaliyomo katika vitabu vyote vya wageni. Mahali palipohamwa hapabaki na mtu wa kupaita babu.

Ushahidi wa pili umo katika maandishi yaliyochongwa juu ya mawe. Kikhmer si mtoto wa Kisanskriti. Ni lugha ya jamii ya Kiaustroasia, pamoja na Kimon na Kivietinamu, iliyokopa maneno mengi kutoka Bara Hindi bila kuibadili nasaba yake, kama vile Kiswahili kilivyokopa kutoka Kiarabu na kubaki lugha ya Kibantu. Mwalimu anayechoshwa na madai kwamba Kiswahili ni Kiarabu kilichochujwa ana mfano mzuri wa kuwapa wanafunzi wake hapo.

Katika mawe hayo lugha mbili ziligawana kazi. Kisanskriti kilitumiwa kuwasifu miungu na wafalme kwa mashairi. Kikhmer kilitumiwa kuorodhesha mashamba ya mpunga, mipaka, ng’ombe, vyombo, na watu waliotolewa kulihudumia hekalu, mmoja mmoja kwa jina lake. Jiwe la kale zaidi la Kikhmer lenye tarehe ni la Angkor Borei, la mwaka 611. Jiwe jingine, lililopatikana Sambor kando ya mto Mekong, linataja mwaka 605 wa kalenda ya Saka, ambao ni 683 kwa hesabu yetu, na sifuri iliyomo katika tarakimu hizo ni miongoni mwa sifuri za kale zaidi duniani zenye tarehe ya hakika. Sifuri hiyo haikuandikwa katika utenzi wa kumsifu mfalme. Imo katika sentensi ya Kikhmer.

Watu walioorodheshwa humo waliitwa ‘khnyum’, neno ambalo wataalamu wengine hulifasiri kuwa watumwa na wengine watumishi wa hekalu. Neno hilo halikutoweka. Katika Kikhmer cha leo ndilo neno la kawaida la nafsi ya kwanza, ‘mimi’. Adabu ya kujinyenyekeza mbele ya mwenzako ndiyo iliyolifikisha hapo, kama vile kwetu ‘mja’, aliye mtumwa wa Mungu, alivyokuja kuwa binadamu yeyote. Kila mchuuzi wa Siem Reap anapojitaja hutamka neno lililochongwa juu ya mawe zaidi ya miaka elfu moja iliyopita kuwahesabia wahenga wake. Pana ushahidi gani mwingine wa urithi ulio mzito kuliko huo?

Hata mashairi ya kifalme, ukiyasoma kwa makini, yanakiri deni hilo. Jiwe la Ta Prohm la mwaka 1186 linaeleza kwamba hekalu lilihudumiwa na watu 79,365 kutoka vijiji 3,140. Hilo ni hekalu moja tu. Na katika kuta za Bayon wachongaji hawakuishia kwenye vita vya mfalme. Wamechonga wanawake wakiuza sokoni, mpishi akitokosa chakula, watu wakipiganisha majogoo, wavuvi wakitupa nyavu, hata mama akijifungua. Mwongozaji wetu alitusimamisha mbele ya mkokoteni wa ng’ombe uliochongwa ukutani, akatuomba tuyatazame vizuri magurudumu yake. Siku ya pili alituonyesha mkokoteni wa umbo lilo hilo nyuma ya nyumba ya mkulima. Tungaliona ule wa kwanza pekee, tungaliondoka na picha. Kwa kuuona wa pili tuliondoka na maana.

Katika kijiji cha Preah Dak, njiani kuelekea Banteay Srei, wanawake huchemsha tembo tamu ya mivumo katika masufuria mapana hadi igande iwe sukari. Wagema hupanda miti hiyo kwa ngazi za mianzi, kama jamaa zao wa Pwani yetu wanavyopanda minazi. Niliuliza sukari hiyo yaitwaje, nikaambiwa ‘skor’. Neno hilo limetokana na ‘sharkara’ ya Kisanskriti. Sukari yetu nayo imetoka huko huko, ikapitia Uajemi na Uarabuni hadi ikatufikia kwa majahazi. Mama yule wa Preah Dak na mchuuzi wa kaimati wa Mombasa hawajapata kuonana, lakini wanachovya katika chungu kimoja cha maneno. Tena aliponihudumia aliniita ‘bong’, yaani ndugu mkubwa, kwa kuwa Wakhmer, kama sisi, humwita hata mgeni kwa jina la udugu. Mambo hayo hayakuchongwa ukutani. Yamo vinywani mwa watu, na mtu akihamishwa huondoka nayo.

Ndipo ninapofikia kiini cha makala haya. Tangu mwaka 2022 serikali ya Kambodia imekuwa ikizihamisha familia zipatazo 10,000 kutoka eneo la hifadhi la Angkor, nyingi zikipelekwa Run Ta Ek, ambako hupewa viwanja wajijengee upya. Serikali husema kwamba watu hao huondoka kwa hiari. Shirika la Amnesty International, katika ripoti yake ya mwaka 2023, lilisema kwamba wengi walishurutishwa. UNESCO nayo imesema kwamba haikuomba wala kuunga mkono mpango huo, ijapokuwa jina lake hutajwa kila mara kuwa ndiyo sababu.

Sina budi kuwatendea haki wanaoutetea mpango huo. Idadi ya wakazi na maduka imeongezeka sana tangu 1992. Mahekalu hayo yamejengwa juu ya misingi ya mchanga inayotegemea maji yaliyo chini ya ardhi, na uchimbaji holela wa visima waweza kuyatikisa. Vilevile wapo waliokuja juzi kwa ajili ya biashara tu. Hizo ni hoja za kweli. Hata hivyo, ikiwa visima ndivyo vinavyodhuru, vidhibitiwe visima, kuanzia vile vya mahoteli makubwa ya Siem Reap. Na ikiwa ni suala la wahamiaji wa juzi, mbona anaguswa pia aliyezaliwa pale na wazazi waliozaliwa pale? Kanuni inayomtazama mwanakijiji kama takataka iliyoangukia juu ya urithi imesahau ni nani aliyeutunza urithi huo mpaka kanuni zikapata kuandikwa.

Kambodia imekwisha kuonja uchungu wa kulitukuza jiwe na kumdharau mtu. Khmer Rouge waliotawala tangu 1975 hadi 1979 waliitia minara ya Angkor katika bendera yao. Chini ya bendera hiyo watu wapatao milioni moja na nusu hadi milioni mbili walikufa kwa njaa, kazi za sulubu, maradhi na mauaji, na walimu walikuwa miongoni mwa waliowindwa kwanza. Silinganishi kuhamishwa na kuuawa. Hilo lingekuwa kosa kubwa. Ninalosema ni kwamba heshima kwa mahekalu haijapata kuwa dhamana ya heshima kwa watu wanaoishi kando yake.

Nini basi wajibu wa mgeni? Wapo watakaosema asiende kabisa. Siafiki. Mwongozaji, dereva, mama wa sukari na mwenye mkahawa wote hula kwa miguu ya wageni, na janga la korona la mwaka 2020 lilionyesha jinsi maisha yanavyokuwa magumu miguu hiyo inapokatika. Lakini tangu mwaka 2017, kiingilio kilipopandishwa hadi dola 37 kwa siku moja na 62 kwa siku tatu, mgeni anatoa fedha nyingi langoni kabla hajakutana na mwanakijiji hata mmoja. Na atoe basi na muda. Achague mwongozaji aliyezaliwa huko na anayekijua Kikhmer cha mawe na cha jikoni. Aulize mahali panaitwaje, na nani alipaita hivyo. Aulize pia ni nani aliyekuwa akiishi pale palipo wazi leo.

Kwetu pia swali hilo lina mahali pake. Misitu mitakatifu ya Kaya za Wamijikenda iliingia katika orodha ya UNESCO mwaka 2008 kwa sababu wazee wangali wanaitunza na kuijua miiko yake. Magofu ya Gedi yaliingia mwaka 2024. Walimu wengi huwapeleka wanafunzi Gedi, wakahesabu misikiti na visima, wakala vitumbua vyao, wakarudi. Nawasihi waongeze kazi moja katika safari hiyo: kila mwanafunzi azungumze na mkazi mmoja wa karibu, aandike maneno matano asiyoyajua ya kilimo, uvuvi, ujenzi au upishi, na aulize yametoka wapi. Wanafunzi 40 watarudi na maneno yapatayo 200, na baadhi yake huenda hayamo katika kamusi yoyote iliyo katika maktaba ya shule.

Mawe ya Angkor yana walinzi, wahandisi na wafadhili kutoka mataifa mengi. Familia iliyoko Run Ta Ek ina kiwanja, jua kali, na majina ya mahali ambapo watoto wake hawatacheza tena. Baada ya kizazi kimoja watoto hao hawatakuwa na sababu ya kumwita Babu Brahma babu yao. Hapo ndipo Angkor itakapokuwa imepotea kweli, na hatatokea Mfaransa wa kuigundua.