Mchezaji mstaafu na kipaza sauti

Wahenga walinena kuwa adhabu ya kaburi aijuaye maiti. Methali hiyo ndiyo ngao ya wanaoshikilia kwamba mwanasoka aliyetundika daluga ndiye anayestahili kuketi mbele ya kamera za runinga na kutuchambulia kandanda. Nakubaliana nao nusu tu. Maiti huijua adhabu, lakini hasemi. Kujua na kunena ni mambo mawili, na vituo vyetu aghalabu hukumbuka la kwanza na kulisahau la pili.

Tumtazame Gary Lineker wa Uingereza. Aliibuka mfungaji bora wa Kombe la Dunia nchini Mexico mwaka 1986 kwa mabao 6, akastaafu mwaka 1994 baada ya kuchezea Nagoya Grampus Eight ya Japani. Jina lake pekee lingetosha kumpa kiti. Hata hivyo, alitangaza redioni, akaketi kama mchambuzi, kisha akaongoza kipindi cha Football Focus kabla ya kukabidhiwa Match of the Day mwaka 1999. Alikiongoza kipindi hicho hadi mwaka 2025. Alikuwa na umaarufu, lakini pia alikubali kuwa mwanafunzi.

Masaibu yake nayo yana funzo. Mtu huyu hakuwahi kuonyeshwa kadi katika maisha yake yote ya kusakata gozi. Lakini mwezi Machi mwaka 2023, BBC ilimsimamisha kwa siku chache kwa maneno aliyoandika mtandaoni kuhusu sera ya serikali juu ya wakimbizi. Mei 2025 aliondoka katika shirika hilo kufuatia ujumbe mwingine aliousambaza, ambao aliuombea radhi. Uwanjani refa ni mmoja. Kwenye utangazaji kila mtazamaji ana kipenga chake.

Sisi wakazi wa Eldoret tuna sababu ya kulitafakari jambo hili, ingawa mji wetu unajulikana zaidi kwa riadha kuliko kandanda. Brendan Foster alitwaa nishani ya shaba ya mita 10,000 katika Olimpiki ya Montreal mwaka 1976, michezo ambayo Kenya iliisusia. Baadaye, kwa miaka mingi, ni yeye aliyewasimulia watazamaji wa BBC ushindi wa wanariadha wetu. Steve Cram, bingwa wa dunia wa mita 1,500 mwaka 1983, alifuata njia hiyo hiyo. Sina kinyongo nao. Waliisomea kazi, wakaimudu. Ila najiuliza: kijana aliyelelewa Iten au Kapsabet, anayejua kwa miguu yake mwenyewe ni wakati gani mkimbiaji hujificha nyuma ya mwenzake na ni wakati gani huchomoka, mbona asiyaeleze hayo kwa Kiswahili sanifu?

Wapo watakaoteta kwamba wachezaji wastaafu wanawapokonya riziki vijana waliohitimu uanahabari. Malalamiko hayo hayafai kupuuzwa, lakini yanachanganya kazi mbili. Mtangazaji huwa jicho la msikilizaji, kama alivyokuwa Leonard Mambo Mbotela, aliyeaga dunia Februari 2025. Yeye hueleza mpira uko wapi na nani anao. Mchambuzi hueleza sababu: kwamba beki wa kushoto alichelewa kupanda, mtego wa kuotea ukavunjika, bao likaingia. Kila mmoja amhitaji mwenzake. Anayestahili kulaumiwa ni mwenye kituo anayempa nyota wa jana kazi zote mbili bila hata wiki moja ya mafunzo.

Walimu, hapa ndipo mnapoingia. Mtaala wa umilisi umeweka mkondo wa Sanaa na Sayansi ya Michezo katika sekondari ya juu. Isiwe mbio na mazoezi ya viungo pekee. Siku ya michezo, mpeni mwanafunzi mmoja dakika 10 atangaze mechi ya shule kwa Kiswahili, na mwingine aichambue. Darasani, wenzao wawakosoe: je, walitaja nani, wapi na kwa nini? Au walipiga mayowe tu?

Nanyi wanafunzi wenye vipaji vya miguu, zingatieni kuwa goti linaweza kuharibika siku moja, na hata lisipoharibika, uzee wa mwanamichezo hufika mapema kuliko wa mwalimu wake. Msiidharau insha kwa sababu mnajua kufunga mabao.

Fainali za Kombe la Mataifa ya Afrika za mwaka 2027 zilitunukiwa Kenya, Tanzania na Uganda kwa pamoja. Hizi ni nchi ambako Kiswahili kinasemwa. Itakuwa aibu iwapo mashindano kama hayo yatakuwa na viwanja, mashabiki na wachezaji wetu, kisha tukose wachezaji wastaafu walioandaliwa kuyaeleza kwa lugha yetu.