Kampuni Iliyouza Siku Zilizopita

Neno safari ni letu, na asili yake ni Kiarabu. Lakini limekwisha kuingia katika lugha za Wazungu, na huko likavishwa maana nyingine. Kwetu sisi, aendaye Tanga kumwuguza mamaye yu safarini. Kwao, kwa muda mrefu, safari ilikuwa ni kuja Afrika kupiga wanyama. Theodore Roosevelt, alipokwisha kutoka katika urais wa Marekani, alishuka Mombasa mwaka 1909, na yeye pamoja na mwanawe Kermit waliua wanyama 512 kabla ya kurejea kwao. Biashara ya kuwaongoza matajiri porini iliendelea Nairobi kwa miaka mingi, hata Serikali ya Kenya ikapiga marufuku uwindaji mwaka 1977.

Twayataja haya kwa kuwa mwezi huu twataka kuzungumza juu ya kampuni ambayo haikupata kuwako duniani, nayo imejiita kwa neno hilo hilo letu. Jina lake ni Time Safari, nayo ilibuniwa na Ray Bradbury, mwandishi wa Kimarekani aliyefariki mwaka 2012, katika hadithi yake fupi A Sound of Thunder, iliyotoka mwaka 1952. Kampuni hiyo ina mtambo uwezao kumrudisha mtu katika zama zilizopita. Mwaka ni 2055. Kwa dola 10,000 mwindaji hupelekwa miaka milioni 60 nyuma akampige Tyrannosaurus rex, jitu la mnyama wa kale. (Wataalamu wa leo wasema wanyama hao walitoweka yapata miaka milioni 66 iliyopita, kwa hiyo mteja angefika akakuta pori tupu na fedha zake zimekwenda. Lakini tumsamehe mwandishi.)

Mteja wa siku hiyo ni Bwana Eckels. Karani hamhakikishii neno lo lote ila kwamba wanyama wapo. Humpa hati atie sahihi ya kwamba lolote likimpata, kampuni haina dhima. Tena haoni haya kumweleza kuwa mwaka uliopita walikufa viongozi 6 na wawindaji 12. Akiasi amri za kiongozi atatozwa dola 10,000 nyingine. Katika hayo sisi hatuna ugomvi na kampuni. Mtu mzima mwenye akili timamu ameonyeshwa aibu ya bidhaa, naye akainunua.

Ugomvi wetu waanzia huko pori la kale. Kampuni imetandaza njia ya chuma inayoelea inchi 6 juu ya ardhi, na ni mwiko kuikanyaga nje yake, hata jani lisiguswe. Mnyama wa kupigwa amekwisha kupakwa rangi nyekundu, kwa sababu mtu wa kampuni alitangulia akamwona kuwa baada ya dakika chache angekufa kwa kuangukiwa na mti. Kiongozi, Travis, aeleza sababu ya tahadhari hizi: ukimwua panya mmoja, umeua na kizazi chake chote; mbweha wakose chakula, simba naye akose, na mwisho wake mtu mmoja wa kale afe njaa, naye ndiye ambaye angezaa taifa zima.

Basi Eckels alipomwona mnyama aliingiwa na hofu, akakimbia, akatoka njiani. Travis akamlazimisha kutia mikono katika kinywa cha mzoga azitoe risasi, zisije zikabaki katika zama zisizo zake. Angalieni uangalifu huo! Risasi zilihesabiwa, na chini ya kiatu cha Eckels, katika matope, palikuwa na kipepeo aliyekufa.

Wasomaji wengi humlaumu Eckels peke yake. Hatumtetei. Lakini Travis mwenyewe alikiri kwamba Serikali haipendi waende huko, nao hulazimika kutoa hongo kubwa ili leseni yao isifutwe. Akakiri pia kuwa hawana hakika na madhara yatakayotokea. Kumbe walijua hatari, wakainunua sheria, kisha wakamwuzia nafasi mtu ambaye hawakuupima moyo wake bali mfuko wake. Nao wote walioishi mwaka 2055, waliokuwa majumbani mwao na watoto wao, ni nani aliyewapelekea hati ya kutia sahihi?

Wala jambo la kipepeo si la kuchekwa. Mwaka 1961 mtaalamu Edward Lorenz alikuwa akikokotoa mwendo wa hali ya hewa kwa kompyuta huko Marekani. Mahali pa 0.506127 akaandika 0.506, akidhani kipande kilichokatwa si kitu. Hesabu ilipokwenda mbele, hali ya hewa ikawa haifanani hata kidogo na ile ya kwanza.

Waliporudi, ubao wa tangazo la kampuni ulikuwa pale pale, ila maneno yake yameandikwa kwa tahajia ngeni. Kabla hawajaondoka, uchaguzi ulikuwa umekwisha, na Keith amemshinda Deutscher, mtu aliyeogopwa kwa udikteta. Watu walikuwa wakiipigia simu kampuni, nusu kwa mzaha, wakiomba kwamba Deutscher akishinda wapelekwe wakaishi mwaka 1492. Sasa Eckels akamwuliza karani ni nani aliyeshinda. Travis aliinua bunduki yake, na aliyepigwa ni mteja; mtambo haukuguswa. Lakini sisi twamtazama karani. Ameketi nyuma ya meza ile ile, hana habari ya kwamba ameibiwa kitu, na kwake yeye hakuna lililobadilika. Anacheka, asema kwa furaha kwamba ni Deutscher bila shaka, na kwamba sasa nchi imepata mtu wa chuma.