Tende za Sultani na Uroho wa Maana

Tahakiki ya Kiswahili ina maradhi ya siku nyingi: haiwezi kuliona tunda la ajabu hadithini bila kulimenya. Tunda likishang'ara gizani, mhakiki hulibandika jina. Akiwa mfuasi wa Marx, tunda ni mali ya wavuja jasho iliyonyakuliwa. Akiwa mzalendo, ni uhuru. Akiwa mcha Mungu, ni jaribu la Adamu. Watatu hawa hushutumiana vikali katika majarida na makongamano, wala hawatambui kuwa kosa lao ni moja. Wote wamelila tunda likingali bichi.

Maswali yanayostahili kutangulia ni ya kishamba mno: mti umepandwa wapi? Huzaa lini? Nani anaulinda, na nani anakula? Ulimwengu wa kubuni husimama au huanguka kwa majibu hayo.

Ichukuliwe hadithi ya Sultani Majnuni, ambayo Edward Steere aliichapisha London mwaka 1870 miongoni mwa ngano alizozikusanya Unguja. Sultani ana mtende. Kila tende zinapokaribia kuvunwa, huja ndege akazimaliza. Wana wakubwa wanatumwa kulinda, wanalala. Mdogo, ambaye hakuna aliyemtarajia, anakaa chini ya mti na mahindi yaliyochanganywa na mchanga. Kila usingizi unapomnyemelea anatafuna, na mchanga unamwamsha. Ndege anakamatwa. Hapo mhakiki wa ishara hutamka kwa fahari kwamba tende ni hazina ya taifa na ndege ni mkoloni. Vyema. Na mchanga je? Mchanga hauashirii chochote. Unakwaruza meno. Ndio unaomfanya msikilizaji wa Likoni, ambaye naye usiku umeenda na macho ni mazito, asadiki kwamba yuko mtende, yuko ndege, na kuna kitu cha kupotezwa iwapo mtu atasinzia.

Lipo jambo jingine ambalo wahakiki wamelipita bila kugeuka. Pwani ya Afrika Mashariki si nchi ya tende. Mitende huonekana hapa na pale, lakini mvua na unyevunyevu wa bahari havipatani na kuiva kwa matunda yake. Kinachostawi hapa ni mkindu, jamaa yake wa mwituni, ambao makuti yake husukwa mikeka na tunda lake ni dogo lisilo sifa. Tende zenyewe zilikuja na kaskazi, majahazini, kutoka Ghuba, zimeshindiliwa katika makanda. Kwa hiyo mtoto wa Kisauni aliijua tende mdomoni kabla ya kuijua mtini. Alimfahamu mkunazi, mkanju na mwembe. Mtende uliojaa mashada mabivu uani kwa sultani ulikuwa kwake ajabu tupu, sawa na mti wenye kuzaa taa. Fanani hakuhitaji kulitia tunda mng'aro. Umbali ulikwisha kulitia. Mhakiki anayekimbilia 'hazina ya taifa' amekwisha kuupoteza umbali huo, na pamoja nao sababu ya sultani kukosa usingizi.

Kundi la pili la wahakiki hukataa kwa hoja nyingine: matunda hayo ni ya Waarabu, yaliletwa, hayafai kuhesabiwa katika fasihi ya Mwafrika. Hoja hii imekuwa na wafuasi wengi bara, na wachache, ajabu ya Mungu, hata Mombasa. Kwa kipimo hicho Warusi nao warudishe matufaha yao ya dhahabu, ambayo katika ngano zao huibwa usiku na ndege wa moto na kulindwa na mwana mdogo wa mfalme. Warudishe kwa nani? Hata bustani mashuhuri kuliko zote, ile ya Alaadini chini ya ardhi, ambamo miti huzaa matunda ya rangi zote yanayometameta, haina asili iliyonyooka. Antoine Galland aliisikia Paris mwaka 1709 kutoka kwa Hanna Diyab, Msuria wa Aleppo, wala haujapatikana mswada wa Kiarabu wa kisa hicho uliotangulia kitabu cha Galland.

Na bustani hiyo yenyewe inawasuta wenye uroho wa maana. Alaadini, mtoto wa maskini, anayaona matunda yale, anadhani ni vigae vya rangi, na anatamani laiti yangekuwa tini na zabibu. Anayachuma kwa uzuri wake tu. Thamani inakuja baadaye sana, mama yake anapoyabeba katika bakuli hadi kwa sultani. Msimulizi amemwacha shujaa wake abaki na njaa katikati ya vito, na hajamwambia kitu. Tzvetan Todorov alionya mwaka 1970 kuwa usomaji wa kiistiari huiua fantasia. Onyo hilo limenukuliwa mara nyingi, lakini ni nadra kutiiwa.

Linalohatarishwa hapa ni kazi ya nyanjani. Mwanafunzi aliyefundishwa kwamba tunda ni ishara huenda Changamwe na daftari lenye jibu tayari. Humkatiza bibi kabla ya mti kuchanua. Huandika 'motifu ya tunda', na kuacha saa ya usiku, ndugu waliosinzia, harufu, jina la mti kwa lahaja ya mahali. Tuseme mtambaji amelifananisha tunda lake na mwali wa kiwanda cha kusafisha mafuta cha Changamwe, kilichoacha kusafisha mwaka 2013: mwanafunzi huyo ataufuta mwali kama upuuzi wa kisasa, ilhali ndio tegemeo la mtambaji, mwanga ambao hadhira yake iliwahi kuuona kwa macho yake.

Karatasi za mtihani zinaendelea kuuliza tunda linaashiria nini. Ziulize kwanza kwa nini wana wakubwa wa Sultani Majnuni walilala, na mdogo wao alikuwa na nini mdomoni.