Fimbo Haizai Utii

Sisi wakazi wa mwambao wa Ziwa Tanganyika, Kigoma na Ujiji, twamfahamu kiboko, mnyama ambaye jina lake limepewa pia mjeledi wa ngozi yake. Ng'ambo ya ziwa hili, katika Kongo ya Mfalme Leopold, askari Waafrika waliadhibiwa kwa mjeledi huo. Mwaka 1895, huko Luluabourg, waliasi na kumwua mkuu wao, Pelzer, aliyekuwa mkali mno. Lakini kuchapwa kuliendelea kwa miaka mingi baadaye.

Mambo kama hayo yalitokea baharini pia. Mwaka 1910 mabaharia wa Brazili, wengi wao weusi, wakiongozwa na João Cândido, waliteka manowari huko Rio de Janeiro, wakadai mjeledi ukomeshwe. Serikali ilitangaza msamaha, kisha ikawafukuza na kuwafunga wengi. João Cândido alifariki mwaka 1969; sheria ya kumsamehe ilitoka mwaka 2008.

Hatusifu umwagaji wa damu. Twasema hivi: fimbo huzaa woga, na woga ukijaa huzaa uasi, utii wa kweli huzaliwa na haki. Katiba yetu, ibara ya 13, inakataza adhabu za kumtweza mtu, hali sheria zingali zinaruhusu viboko shuleni na mahakamani. Wazazi, walimu na wabunge, tusingoje watoto wetu waudai utu wao kwa hasira. Tuifute adhabu hiyo mapema, kwa hiari yetu.