MWACHA ASILI NI MTUMWA

Wako wanaodhani kwamba sinema ni upuuzi wa kupotezea wakati, na hadithi za kale ni za bibi na wajukuu tu. Watu hao na waitazame Bara Hindi ilipokuwa chini ya Mwingereza.

Bwana Dhundiraj Govind Phalke aliingia sinema huko Bombay akaona picha ya maisha ya Yesu. Mwingine angetoka akisifu ufundi wa Wazungu, basi. Yeye alitoka akijiuliza: lini Wahindi watawaona Rama na Krishna wao? Hakungoja serikali imjibu. Alikopa fedha, na mwaka 1912 akaenda London, akajifunza kazi, akarudi na kamera. Mkewe, Bibi Saraswatibai, alitoa vito vyake, akawapikia wafanya kazi wote, tena akasaidia kuzisafisha filamu.

Tarehe 3 Mei, 1913, watu wa Bombay walionyeshwa Raja Harishchandra, picha isiyo na sauti, habari za mfalme aliyekubali kupoteza ufalme, mke na mtoto kuliko kuvunja ahadi yake. Wanawake walikataa kucheza, kwani ilikuwa aibu. Basi kijana Salunke alivaa sari akawa malkia. Kamera ilikuwa ya mgeni, lakini hadithi, mikono na jasho vilikuwa vya wenyewe.

Je, huo ni mchezo tu? Waulizeni wakoloni. Mwaka 1918 walitunga sheria ya kukagua sinema. Mwaka 1921 ikatoka Bhakta Vidur. Vidur ni mzee wa Mahabharata asiyeogopa kuwaambia wakubwa ukweli. Katika picha hiyo alivaa kofia ya Gandhi na nguo ya khadi. Hakutoa sauti hata kidogo, lakini watu walimsikia, na wakubwa walimsikia pia: picha ikapigwa marufuku Karachi na Madras. Bunduki hazikuweza kuogopa hadithi ya kale. Waliozishika ndio walioogopa.

Liko jambo moja la kusikitisha. Phalke alikufa mwaka 1944 katika ufukara. Tuzo kubwa yenye jina lake ilianza kutolewa 1969, miaka 25 baada ya kufa kwake. Taifa linalojenga kwa jasho la watu wake lisingoje wafe ndipo liwashukuru.

Chombo tunaweza kuazima. Hadithi yetu tusiazime, wala tusimwachie mwingine atusimulie.