ZIWA MWERU NI MOJA, SHERIA IWE MOJA

Ndugu wafanyakazi wa migodi, ndugu wenyeji wa mji,

Sisi wa Lubumbashi tuko mbali na bahari ya chumvi, lakini bahari yetu tunayo, nayo ni Ziwa Mweru. Eneo lake lapita kilometa za mraba 5,000. Magharibi ni Katanga, mashariki ni Zambia. Mto Luapula huingia kusini, kwenye maji mafupi. Kaskazini, kwenye kina, maji hutoka Pweto kwa mto Luvua na kushuka mpaka Lualaba.

Nani aliyegawa maji hayo? Si wavuvi. Tarehe 12 Mei 1894 Waingereza na Mfalme Leopold II walipatana mstari wa mpaka, wakaupinda ndani ya ziwa ili kisiwa cha Kilwa kiwe cha Waingereza. Hata leo kisiwa cha Kilwa ni cha Zambia, na mji wa Kilwa, ulio pwani ya magharibi, ni wa Kongo.

Lakini samaki hajui mpaka. Wazee wanamkumbuka mpumbu. Wakati wa mvua alitoka ziwani akapanda Luapula kutaga mayai. Siku za ukoloni wafanyabiashara wa Kasenga, wengi wao Wagiriki, walimleta Elisabethville, akaliwa na bukari katika kambi za wafanyakazi. Nyavu zilitegwa njiani mwake, akavuliwa na mayai tumboni. Kufika miaka ya 1950 alikuwa ameadimika. Hakuuawa na ukame. Alimalizwa na tamaa ya faida ya haraka.

Leo Zambia hufunga uvuvi tangu 1 Desemba hata mwisho wa Februari. Ni vema. Lakini pwani moja ikifunga na nyingine ikivua, ni kama kufunga mlango wa mbele na kuacha wa nyuma wazi.

Mtauliza: mvuvi wa Kasenga au Pweto atakula nini miezi hiyo mitatu? Swali ni la haki. Serikali isimpelekee askari na faini tu. Impelekee pia mbegu na mkopo.

Basi tunataka hivi: Kinshasa na Lusaka wapatane siku moja ya kufunga na siku moja ya kufungua, na wavuvi wa pwani zote mbili wawe na sauti katika mapatano hayo.

Ndugu mchimbaji, wewe wajua: shaba ikitoka ardhini hairudi. Samaki akipewa nafasi hurudi. Tusimchimbe samaki kama shaba.