Futikamba Katika Jumba la Viini Macho

Mwanafizikia Frank Oppenheimer aliifungua Exploratorium mjini San Francisco mwaka 1969 ili mgeni aguse na kujaribu mwenyewe. Siku hizi familia nyingi huyazuru majumba ya viini macho kwa ajili ya picha tu.

Katika chumba cha Ames, ukichungulia tunduni kwa jicho moja, mtoto humzidi baba yake kimo. Kumbe pembe aliyosimama baba iko mbali zaidi, na sakafu yake imeteremka. Binti yangu hakuridhika na maelezo hayo. Aliomba futikamba aingie apime. Nilimkataza, nikiwaonea haya waliokuwa wakingoja zamu. Mimi, mwalimu wa fizikia! Naona heri kila kundi likabidhiwe futikamba pamoja na tiketi, na foleni ichelewe.